Deni la Jasho na Haki ya Kiti

Tarehe 28 Aprili 2017, katika Chuo Kikuu cha Dodoma, Rais John Magufuli alipokea taarifa ya uhakiki wa vyeti vya watumishi wa umma. Aliyeiwasilisha alikuwa Waziri wa Utumishi wa wakati huo, Angellah Kairuki. Vyeti vya kidato cha nne, vya kidato cha sita na vya ualimu vya watumishi zaidi ya 400,000 vilikuwa vimekaguliwa, na watumishi 9,932 walikutwa na vyeti vya kughushi. Rais aliagiza waondoke kazini, na majina yao yakachapishwa. Viongozi wa kisiasa hawakuguswa na uhakiki ule, kwa kuwa sheria inawataka wajue kusoma na kuandika tu. Watu walinung'unika kwa jambo hilo, na kwa maoni yangu walikuwa na sababu.

Maswali yaliyoulizwa wakati ule katika jumuiya zetu hayajaisha mpaka leo. Muuguzi aliyezalisha akina mama wa kijiji kwa miaka ishirini akitumia cheti cha dada yake, aliiba nini, na alimwibia nani? Wapo wanaosema Mungu amekwisha kusamehe, basi na Serikali isamehe. Wapo wanaosema mwizi ni mwizi. Na wapo Wakristo wanaosema yote mawili katika kikao kimoja, ikitegemea kama anayetajwa ni ndugu yao au ni ndugu wa jirani.

Siku hizi swali hilo limerudi kwa sura nyingine, na halina tena harufu ya kughushi. Linawahusu watu waaminifu: walimu wanaojitolea, wahudumu wa mikataba ya muda, vijana wanaofundisha katika vyuo vikuu vya umma kwa barua ya muhula mmoja inayohuishwa muhula baada ya muhula. Wanauliza: nimefanya kazi hii miaka sita, nimeifanya vizuri, je, si haki nithibitishwe na kupewa ajira ya kudumu? Na huruma yetu, kabla hatujafikiri, inajibu ndiyo.

Nadhani huruma hiyo inachanganya vitu viwili ambavyo Mungu hakuvichanganya, yaani jasho na kiti.

Niseme kwa mfano wa kwetu. Hapa Somanda na vijiji vinavyozunguka mji wa Bariadi, kila mtu anajua palizi ya pamba ni nini. Tuseme mtu amekosea mpaka, akapalilia ekari mbili za jirani yake mpaka zikawa safi. Mwenye shamba akija, hawezi kumwambia, asante, nenda zako. Palizi ni kazi, na kazi ina malipo. Lakini pia aliyepalilia hawezi kusema kwamba kwa kuwa jasho lake limedondoka pale, shamba sasa ni lake. Atalipwa palizi, na shamba litabaki kwa mwenyewe. Sasa ongeza jambo moja: tuseme mwenye shamba alikuwa amekaa chini ya mwembe tangu asubuhi, akimtazama, akanyamaza mpaka mstari wa mwisho ulipokwisha, ndipo akainuka kudai kwamba ameingiliwa. Hapo deni la malipo linakuwa kubwa zaidi, na aibu inahama. Hata hivyo shamba halihami.

Katiba ya nchi yetu inavitenganisha vitu hivi katika ibara mbili zinazofuatana. Ibara ya 22 inampa kila raia nafasi iliyo sawa ya kushika kazi iliyo chini ya mamlaka ya nchi. Hicho ndicho kiti, nacho ni cha wote. Ibara ya 23 inampa kila afanyaye kazi haki ya ujira unaolingana na kazi yake. Hilo ndilo jasho, nalo ni la mmoja.

Serikali yenyewe ilifika kwenye tofauti hii, ingawa ilichelewa. Katika wimbi lile la uhakiki waliondolewa pia watumishi walioishia darasa la saba, kwa sababu waraka wa mwaka 2004 ulitaka mtumishi awe na elimu ya kidato cha nne. Mwaka 2018 ikaelezwa bungeni kwamba walioajiriwa kabla ya tarehe 20 Mei 2004, na ambao hawakuwa wamedanganya, warudishwe kazini na kulipwa stahiki zao. Ilikuwa sawa kabisa. Watu wale waliingia kwa mlango uliokuwa wazi siku hiyo, na si haki mlango ukibadilishwa kumkamata aliyekwisha kuingia. Waliodanganya hawakurudishiwa viti. Lakini mwezi Oktoba 2022 Waziri Joyce Ndalichako alitangaza kwamba Rais Samia Suluhu Hassan ameridhia warudishiwe michango waliyokatwa wenyewe katika mifuko ya hifadhi ya jamii, bila ile ya mwajiri. Walingoja zaidi ya miaka mitano kupata fedha iliyotoka katika mishahara yao wenyewe. Wengine wataona ni huruma. Mimi naona ni kulipa palizi, tena si yote.

Mkristo msomaji wa Biblia atanipinga hapa, na atanipinga kwa hoja nzito. Atasema: Mchungaji, na Yakobo je? Maana Yakobo ndiye mwenye cheti cha kughushi wa kwanza tunayemjua vizuri. Alivaa nguo za kaka yake, akafungwa ngozi za mbuzi mikononi na shingoni, akaingia kwenye usaili mbele ya mzee asiyeona, akajitaja kwa jina lisilo lake. Na Isaka alipogundua, hakuifuta ile baraka. Je, hapo Mungu hakumthibitisha mtu aliyeingia kwa mlango wa nyuma?

Hoja hii imenisumbua miaka mingi, na sina haja ya kuipunguza uzito. Lakini tusome mpaka mwisho. Neema ya Mungu ilimchagua Yakobo kabla hajazaliwa. Hilo ni fumbo la uchaguzi wa Mungu, na sisi Walutheri tumefundishwa tusigeuze Injili kuwa kanuni za utumishi, wala kanuni za utumishi kuwa Injili. Katika mambo ya dunia hii Yakobo alilipa. Alikimbia nyumbani, na huko alikokimbilia akawa yeye sasa ndiye mfanyakazi asiyejua kesho yake. Miaka ishirini kwa Labani, kumi na minne kwa ajili ya wake na sita kwa ajili ya mifugo, na ujira wake ukabadilishwa mara kumi. Ukitaka kumwelewa mhudumu wa mkataba unaohuishwa kila muhula kwa masharti mapya, soma habari za Yakobo kwa Labani. Na Biblia inasema wazi kwamba Mungu aliyaona mateso na taabu ya mikono yake. Mtu aliyedanganya nyumbani kwa baba yake, Mungu hakuruhusu jasho lake liliwe bure ugenini.

Kisha akarudi kukutana na Esau. Alitanguliza mbele yake mbuzi, kondoo, ngamia, ng'ombe na punda, zaidi ya wanyama 500. Sisi wa Simiyu tunaojua ng'ombe 40 na madume kumi ni mali ya namna gani tusiipite hesabu hiyo haraka. Akainama mara saba. Na pale anapomsihi Esau apokee zawadi, neno la Kiebrania analolitumia ni lilelile ambalo Esau alilitumia akilia siku ile alipoibiwa: baraka yangu. Anamwomba Esau aichukue baraka. Sidhani mwandishi alilichagua neno hilo kwa bahati. Yakobo alijua kwamba kulikuwa na mtu aliyebaki nje ya mlango.

Nasi tunamsahau Esau. Huruma yetu humwona aliye ndani, kwa sababu tunamjua jina, tunamwona kanisani, watoto wake wanasoma na wetu. Aliye nje hana sura. Mwanzoni mwa mwaka 2025, kwa nafasi za ualimu 14,648 zilizokuwa zimetangazwa, walioomba walikuwa zaidi ya 200,000. Mwaka 2014 vijana zaidi ya 10,000 walikusanyika Uwanja wa Taifa, Dar es Salaam, kufanya usaili wa nafasi 70 za Idara ya Uhamiaji. Katika mwaka huohuo ajira nyingine za idara hiyo zilisimamishwa baada ya malalamiko kwamba waliochaguliwa ni ndugu wa wenye nafasi. Basi kila kiti kinachotolewa kwa kimemo au kwa simu kina foleni nyuma yake, na katika foleni hiyo yupo kijana wa hapa Bariadi ambaye wazazi wake waliuza ng'ombe ili asome.

Luther katika Katekisimo Kubwa ya mwaka 1529, anapoifafanua amri ya saba, anawataja wezi wakaao vitini, wasiovunja nyumba ya mtu usiku na wanaoheshimiwa na watu. Alikuwa akiwasema wakubwa na wafanyabiashara wa siku zake. Mimi kila nikifundisha Kipaimara sehemu hiyo nafikiri pia kwamba kiti chenyewe kinaweza kuwa kitu kilichoibwa.

Sasa turudi chuo kikuu, maana huko jambo linaonekana kwa urahisi. Anayeanza kufundisha katika chuo kikuu cha umma kwa shahada ya kwanza anatakiwa awe na wastani usiopungua 3.8 katika 5. Tuseme idara imekosa mwalimu, muhula unaanza, mkuu wa idara anamjua kijana mwenye 3.6. Anamchukua kwa muda, bila tangazo, kuziba pengo. Kijana ni hodari, wanafunzi wanampenda. Barua inahuishwa. Miaka sita inapita, ameoa, ana watoto, hakuna aliyemwambia neno baya. Anaomba kuthibitishwa. Mkimkatalia, mioyo yenu itauma, na ni vizuri iume.

Lakini yupo mwenzake aliyesoma naye darasa moja, aliyepata 3.7. Naye alitamani kufundisha chuoni. Alisoma sharti lililobandikwa, akaona limemzidi, akarudi nyumbani, akafungua duka la pembejeo. Hakuomba kwa sababu alitii. Siku mwenzake mwenye 3.6 atakapothibitishwa kimyakimya, huyu ataadhibiwa kwa kosa gani? Kosa lake litakuwa ni kuamini kwamba tangazo lilimaanisha lilichosema. Na mimi nimwambie nini Jumapili nikihubiri juu ya ukweli? Ninaona madhara hapa ni makubwa kuliko nafasi moja ya kazi. Taifa ambalo watu wake wamejifunza kwamba anayesoma masharti ni mjinga limepoteza kitu ambacho hakirudi kwa waraka.

Wenzetu nao wamepambana na jambo hili. Mahakama Kuu ya juu kabisa ya India, katika hukumu ya mwezi Aprili 2006, ilisema kwamba kufanya kazi ya umma kwa muda mrefu kwa ajira ya muda hakumpi mtu haki ya kuthibitishwa, kwa sababu kufanya hivyo kungewafungia mlango wale wengi ambao hawakupewa nafasi ya kushindana. Lakini mahakama hiyohiyo iliwatenga wenye sifa kamili, waliokaa miaka kumi au zaidi katika nafasi zilizokuwepo kihalali, ambao kasoro yao ilikuwa ya utaratibu tu. Hao iliruhusu wafikiriwe, mara moja basi, ili isiwe desturi. Naiona kuwa hekima.

Jirani zetu Wakenya wana kisa ambacho kwa juu kinafanana na hiki, lakini ndani ni tofauti. Walimu vijana waliajiriwa kwa jina la mafunzo kazini, wale wa sekondari ya awali wakilipwa posho ya shilingi 20,000 za Kenya kwa mwezi, huku wakibeba vipindi kama mwalimu kamili. Mwezi Aprili 2024 Mahakama ya Ajira ikasema mpango huo unavunja haki za kazi, na kufikia Januari 2025 walimu 46,000 walikuwa wamepewa ajira ya kudumu. Je, hapo kiti kiliibwa? Hapana. Walimu wale walikuwa na sifa, nafasi zilitangazwa, walishindana. Mlango ulikuwa wazi, ila mshahara ndio uliofichwa. Kuwathibitisha kulikuwa kulipa deni. Kwa hiyo nisieleweke kwamba napinga kila kuthibitishwa. Ninachouliza kwanza ni hiki: siku alipoingia, nani mwingine alijua kwamba mlango uko wazi?

Swali hilo linagusa pia wanaojitolea, na hapa najua nitawaudhi baadhi ya wazazi. Kila mwaka husikika kwamba mwalimu aliyejitolea apewe kipaumbele katika ajira. Inaonekana ni haki tupu. Lakini ni nani anayeweza kujitolea miaka mitatu bila mshahara? Ni yule ambaye kwao kuna chakula, ambaye shule iko karibu na nyumba ya baba yake, ambaye mwalimu mkuu anamfahamu. Binti yatima anayelea wadogo zake hawezi kujitolea. Anauza vitumbua stendi. Tukifanya kujitolea kuwa mlango wa ajira, tumeweka ada ya kuingia, na ada hiyo ni miaka mitatu ya kula bila kulipwa. Uzoefu uhesabiwe, sikatai, lakini uwe alama zinazojulikana kabla, katika mizani iliyo mbele ya macho ya wote. Wakulima wa pamba mnajua vizuri kuliko mimi kwa nini mtu hutaka kuiona mizani kabla gunia lake halijapanda.

Kuhusu yule kijana wa 3.6, jibu langu ni hili, na sisemi ni jepesi. Alipwe stahiki zake zote za miaka sita, kama alivyofanya kazi ya mwalimu kamili. Asifukuzwe kama mwizi, maana hakudanganya. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 yenyewe inatambua kwamba mkataba uliohuishwa mara nyingi huzaa matarajio ya haki, na mwajiri hawezi kuyapuuza, ingawa utumishi wa umma una taratibu zake za ziada. Nafasi itangazwe. Kama chuo kinaona 3.6 na uzoefu vinatosha, kitangaze hivyo kwa wote, na mwenye duka la pembejeo asome. Na aliyekaa chini ya mwembe akitazama, yaani mkubwa aliyehuisha zile barua, aulizwe. Katika orodha za mwaka 2017 walitajwa wenye vyeti. Waliowapokea bila kuuliza hawakuwa na orodha.

Wengine hutumia mfano wa Bwana Yesu wa wafanyakazi katika shamba la mizabibu kutetea upendeleo: mwenye mali alimpa wa mwisho sawa na wa kwanza, je, mkuu wa taasisi naye si huru? Mwenye shamba yule alitoa fedha yake mwenyewe. Mkuu wa taasisi ya umma anagawa kisicho chake. Tena mwenye shamba alitoka mwenyewe kwenda sokoni mara tano, kutafuta waliosimama bila kuitwa na mtu.

Inabaki nyumba yetu wenyewe. Kanisa nalo ni mwajiri, na katika sharika nyingi yupo mwinjilisti, mwalimu wa chekechea au mlinzi anayeitwa mtumishi wa kujitolea kwa mwaka wa nane, mwenye posho inayotegemea sadaka ya wiki hiyo. Tunamwambia thawabu yake iko mbinguni. Iko kweli, lakini Yakobo mtume anaandika kwamba ujira uliozuiliwa wa wavunaji unapiga kelele, na hasemi kelele hizo zinanyamaza kama shamba ni la kanisa. Baraza la wazee linaweza kukaa jioni moja tu likaandika mkataba. Na nafasi mpya ikitokea, itangazwe pamoja na matangazo mengine ya Jumapili, sifa zikisomwa kwa sauti, na mzee mwenye mtoto anayeomba atoke nje wakati wa kujadili. Mitume walifanya hivyo Yerusalemu Wayahudi wa Kiyunani walipolalamika kwamba wajane wao wanasahauliwa katika huduma ya kila siku: walitaja sifa mbele ya wote, wakaacha kusanyiko lichague. Majina saba yaliyochaguliwa yote ni ya Kiyunani.

Vijana wanaoomba kazi za Serikali hutakiwa kutaja wadhamini watatu, na wengi wenu mnakuja kwangu. Njoni. Nitaandika miaka niliyokufahamu, kazi niliyokuona ukiifanya, na tabia niliyoiona. Mzazi akiniomba nipige simu kwa mtu ninayemfahamu huko ofisini, simu hiyo siipigi, hata kama mzazi huyo ni mzee wa kanisa. Namba yangu ipo chini ya barua. Wao wakinipigia, nitawaeleza yaleyale niliyoandika.